Kila Mnara Una Shimo Lake

Watu wengi hupenda kusikia habari za majumba marefu. Shuleni kwangu, nikifungua kitabu penye picha ya mji wa Ulaya na mnara umesimama katikati yake, watoto waliokuwa wakisinzia huamka, na wale wa nyuma husogea mbele. Swali lao ni lile lile siku zote: "Mwalimu, urefu wake futi ngapi?" Hata watu wazima huuliza vivyo hivyo wakikutana na mtu aliyetoka safari ya mbali. Ni swali jema, wala silidharau, maana asiyeinua macho yake haoni mengi. Lakini leo nawaomba wasomaji wetu waongeze swali la pili, nalo ni hili: Udongo wa jumba hilo ulichimbwa wapi? Swali hili sikulitunga mimi. Nililipata kwa bibi mmoja wa kijiji chetu, ambaye hajui kusoma. Habari yake nitaieleza mahali pake.

Sisi tukaao Mpanda na vijiji vyake hatuna haja ya kwenda mbali ili kulifahamu swali hilo. Siku hizi nyumba zetu nyingi ni za matofali ya kuchoma. Fundi hutafuta udongo unaoshikana, penye kichuguu au bondeni karibu na maji. Huuchimba, huukanda kwa miguu, huutia katika kalibu ya mbao, hufyatua matofali na kuyaanika. Kisha hupanga tanuru na kulichoma kwa kuni usiku na mchana. Tofali lililoiva vizuri hulia kama chuma ukiligonga. Basi kuta huinuka, mabati hupigwa, wenye nyumba huingia kwa vigelegele, na picha hupigwa mbele ya mlango. Lakini hatua hamsini nyuma ya nyumba pana shimo, na mlimani pana visiki vya miti iliyokatwa kwa ajili ya tanuru. Hakuna apigaye picha ya shimo, wala ya visiki. Walakini kilichopanda huku ndicho kilichoondoka kule. Kila mnara una shimo lake, ama karibu, ama mbali.

Mwaka 2023, katika likizo ya katikati ya mwaka, nilisafiri kwenda Unguja, nikalichukua swali hilo moyoni kama mtu achukuavyo chumvi safarini. Nilipanda gari moshi hapa Mpanda, nikapita Kaliua na Tabora mpaka pwani. Njiani nikakumbuka ya kuwa hata reli ile ina shimo lake, tena shimo halisi. Tawi la kutoka Kaliua kuja Mpanda lilijengwa miaka ya 1940 ikiishia na ya 1950 ikianza, kwa ajili ya mgodi wa risasi uliokuwa hapa kwetu. Madini yakachukuliwa yakaenda zake, na mwaka 1960 mgodi ukafungwa. Reli ikabaki kwetu, nayo ni msaada mkubwa. Mashimo nayo yakabaki. Nasema hayo si kwa kulaumu, bali nionyeshe ya kuwa baraka na shimo mara nyingi huja pamoja, na mtu mwenye akili huvihesabu vyote viwili.

Chombo kikikaribia Unguja, macho huona kwanza Mji Mkongwe umejipanga ufuoni, kuta nyeupe zimeshikana kama meno. Nyuma yake hutokeza minara miwili iliyochongoka ya kanisa la Mtakatifu Yosefu, lililojengwa na mapadre Wafaransa katika miaka ya 1890. Na mbele kabisa, likitazama bahari, ndipo lilipojengwa jumba lililokuwa na sifa kupita yote ya pwani yetu, yaani Beit al-Ajaib, Jumba la Maajabu.

Jumba hilo lilijengwa na Sultani Barghash bin Said mwaka 1883, ili liwe mahali pa karamu na sherehe za enzi yake. Lilikuwa na roshani pana zilizolizunguka, orofa juu ya orofa, zikishikwa na nguzo za chuma zilizoletwa kwa merikebu. Milango yake mikubwa ilichongwa kwa ustadi ambao mafundi wa Unguja wanasifiwa kwao mpaka leo. Likawa nyumba ya kwanza ya Unguja kuwaka taa za umeme, na baadaye likatiwa lifti ya kuwapandisha watu juu. Ndiyo sababu watu wakaliita la maajabu. Wala Sultani huyo hakujenga fahari tupu, maana ndiye aliyewaletea watu wa mji maji safi ya chemchemi kwa mifereji, wakaacha kutegemea visima vichafu.

Nilipofika mimi, jumba lilikuwa limezungukwa na uzio, na upande mmoja umeanguka. Nikaketi karibu na Forodhani, penye mzee mmoja muuza kahawa. Nikamwamkia, "Shikamoo, mzee wangu." Akaitikia, "Marahaba, mwanangu. Watoka wapi?" Nikamwambia natoka Mpanda, upande wa Ziwa Tanganyika. Akanimiminia kikombe, akatabasamu, akasema, "Basi, mwanangu, usilitazame jumba hili kama mgeni. Sehemu yake ilitoka kwenu."

Nililifahamu neno lake mara moja. Unguja ya siku zile ilitajirika kwa karafuu, kwa pembe za ndovu, na kwa biashara ya watumwa. Na hazina ya Sultani ilijazwa kwa ushuru wa forodha uliotozwa juu ya mali ipitayo. Karafuu zilichumwa mashambani mwa Unguja na Pemba na watumwa waliotoka bara. Pembe nazo zilitoka bara, na nchi yetu ilikuwamo. Njia kubwa ya misafara ilitoka Bagamoyo ikapita Tabora mpaka Ujiji, na njia nyingine zilipinda kusini, zikapita Ukonongo na Upimbwe na Ufipa. Mpagazi alibeba mzigo wa frasila mbili begani, yaani kilo 32 hivi, na kutoka Tabora mpaka bahari ni zaidi ya kilometa 800 kwa miguu. Pembe zile zikavuka bahari, zikawa vichana na mipini ya visu, na vibonyezo vya vinanda katika nyumba za Ulaya na Marekani. Ndovu wanaoonekana leo katika Hifadhi ya Katavi ni wajukuu wa wale waliosalia.

Wapagazi wengi, Wanyamwezi hasa, walikuwa watu huru waliofanya kazi kwa ujira, nao walijivunia kazi yao. Lakini pamoja nao walitembea wengine ambao hawakupewa ujira. Watu hao walinunuliwa au kutekwa vitani, wakafungwa minyororo shingoni, na wengi hawakuiona pwani. Hata mtu akisifu nguzo na milango ya Unguja kwa haki, na azikumbuke shingo hizo. Shimo la jumba lile halikuwa hatua hamsini nyuma ya nyumba. Lilikuwa mwendo wa miezi mitatu na zaidi, hata waliokuwa wakila karamu juu ya roshani hawakuweza kuliona.

Jambo lingine nililojifunza hapo ni kwamba jumba lililokwisha jengwa bado lataka udongo kila siku. Tarehe 27 Agosti 1896 manowari za Waingereza zililipiga jumba la kifalme kwa mizinga, katika vita ambavyo havikutimia hata saa moja, na watu wapata 500 wa upande wa Unguja wakauawa au kujeruhiwa. Mnara wa taa uliokuwa mbele ya Beit al-Ajaib ukaharibika, lakini jumba lenyewe likasimama, na baadaye likatiwa mnara wa saa usoni pake. Basi lililoshinda mizinga lilikuja kushindwa na nini? Na maji ya mvua, na kutu, na boriti zilizooza, na miaka ya kungojeana. Mwaka 2012 sehemu ya roshani ikaanguka, nalo likafungwa wageni wasiingie. Tarehe 25 Desemba 2020, mafundi wakiwa katika kazi ya kulitengeneza, upande mkubwa ukaporomoka pamoja na mnara wa saa, na wafanyakazi wawili wakafa. Wazee walisema, usipoziba ufa utajenga ukuta. Nami naongeza kwa huzuni kwamba mara nyingine yule anayekufa si yule aliyeuacha ufa.

Kutoka hapo nilitembea katika vichochoro mpaka Mkunazini, lilipo kanisa kuu la Waanglikana. Siyo jumba refu kupita yote mjini, lakini nililitazama muda mrefu kuliko yote. Mahali pale palikuwa soko la watumwa. Mwezi wa Juni 1873 Sultani Barghash, akishurutishwa na Waingereza, alitia sahihi mkataba wa kulifunga, na siku ya Noeli ya mwaka ule ule jiwe la msingi la kanisa likawekwa. Msimamizi wa kazi alikuwa Edward Steere, ambaye baadaye alikuwa askofu, naye ndiye yule aliyeandika vitabu vya kukifunza Kiswahili. Dari lake la tao lilitengenezwa kwa saruji na mawe ya matumbawe yaliyopondwa, na watu wengi wa mji walisema litaanguka; halikuanguka. Steere akafariki mwaka 1882, akazikwa nyuma ya altare.

Kuna nguzo ndogo karibu na mlango ambazo zimesimama kichwa chini. Husimuliwa kwamba askofu alikuwa hayupo, na mafundi, ambao hawakupata kuona nguzo za namna ile, wakazigeuza, aliporudi, akaziacha. Nilicheka, kisha nikapenda. Maana katika majumba mengi mashuhuri alama ya mkono wa mfanyakazi imefutwa, na limebaki jina la mwenye mali tu; lakini hapo mtu asiyejulikana jina amebaki akionekana mpaka leo.

Na nje ya kanisa, katika ua, pana shimo. Nasema neno hilo kwa maana yake yenyewe. Mwaka 1998 mchongaji mmoja wa Sweden, mwanamke aitwaye Clara Sörnäs, alitengeneza humo sanamu za watu watano, wanaume kwa wanawake, wamesimama chini ya usawa wa ardhi, wamefungwa minyororo ya zamani shingoni. Huwezi kuzitazama ukiwa umeinua kichwa; yakupasa uinamishe. Nilisimama ukingoni mwa shimo lile, nikatazama mnara juu, kisha nikatazama sanamu chini, nikasema moyoni: hapa ndipo mahali pa kwanza nilipoona mnara na shimo lake vimewekwa pamoja, pasipo kufichana.

Sasa turudi kwetu, kwa maana hata sisi tuna jumba la historia. Katika mwambao wa Ziwa Tanganyika, hapo Karema, mwezi wa Agosti 1879, alifika Kapteni Ernest Cambier, Mbelgiji, akaanza kujenga boma. Alitumwa na chama kilichoanzishwa Brussels mwaka 1876 na Leopold wa Pili, mfalme wa Ubelgiji. Chama hicho kilisema nia yake ni elimu, na kuwasaidia wasafiri, na kukomesha biashara ya watumwa. Wenyeji wa nchi wakaona kuta za udongo zikiinuka juu ya kilima, na boma likaitwa kwa jina la mfalme huyo. Lakini moyo wa Leopold ulikuwa ng'ambo ya ziwa. Mwaka 1885 alipata kuwa mtawala wa Kongo, na mwaka huo huo boma la Karema likakabidhiwa kwa Wamisionari wa Afrika, ambao wazee wetu huwaita Mapadre Weupe.

Hapa yafaa tuvuke bahari kidogo, tuutazame mji wa Brussels wenyewe, kwa kuwa ni mji wa kale wenye majumba marefu yanayojulikana duniani, na uzi mmoja umetoka kwake ukaja mpaka Karema. Katikati yake, penye uwanja mkubwa, pana Jumba la Mji, na mnara wake una urefu wa meta 96, yaani futi 315 hivi. Ulikamilika mwaka 1455, na juu yake imesimama sanamu ya Malaika Mikaeli. Mnara huo ulijengwa na watu wa mji wenyewe, miaka mia nne na zaidi kabla Mbelgiji yeyote hajaliona ziwa letu. Hatuna deni nao, nao hauna deni nasi. Nalisema hili ili mtu asidhani kwamba kila jumba la Ulaya limejengwa kwa mali ya wengine. Wako waliojenga kwa jasho lao, kwa uvumilivu ambao yafaa tuuige.

Lakini katika mji ule ule liko Jumba la Sheria, kubwa mno, lililojengwa kutoka mwaka 1866 mpaka 1883. Ili kulipatia nafasi, nyumba za maskini zilivunjwa, nao wakahamishwa. Watu wa mtaa ule wakakasirika, hata neno la kumtaja mchora ramani za majumba likawa tusi kwao. Kumbe hata Mzungu anaweza kuwa shimo la mnara wa Mzungu mwenzake! Na upande mwingine wa mji liko lango kubwa lenye matao matatu, lililokamilika mwaka 1905. Fedha yake ilitoka kwa Leopold, nayo ilitoka katika mpira na pembe za Kongo, ambako watu walilazimishwa kukusanya mpira kwa mijeledi na bunduki, na vijiji vikateketezwa, mpaka kelele za dunia zikamfanya mfalme aikabidhi nchi ile kwa serikali ya Ubelgiji mwaka 1908. Msafiri apitaye chini ya lango lile huinua kichwa na kusema, "Ajabu!" Shimo lake liko ng'ambo ya ziwa letu, wala halina uzio.

Je, na Karema? Boma lake halikupata kuwa refu. Ukiliweka kando ya mnara wa Brussels lingeonekana kama kibanda. Lakini nataka kulipima kwa mtu mmoja. Jina lake Adrien Atiman. Alizaliwa mbali sana, upande wa mto Niger karibu na Timbuktu, akaibwa utotoni na kuuzwa utumwani, akavushwa jangwa. Wamisionari wakamkomboa huko Aljeria, akasomeshwa uganga katika kisiwa cha Malta, kisha akaja pwani yetu na kutembea na msafara mpaka Karema, akafika mwaka 1889. Hakuondoka tena. Alitibu vidonda na macho na homa, akajifunza pia dawa za miti kwa waganga wa nchi, akafundisha dini, mpaka alipofariki mwaka 1956, miaka 67 tangu kufika kwake. Mtu aliyetupwa shimoni alitoka, wala hakujijengea mnara. Alikwenda kwenye mashimo ya wengine akawatoa. Mimi husema kwamba Karema ni refu kwa kimo cha Atiman.

Naja sasa kwa bibi yule niliyemtaja mwanzo. Kijijini kwetu shule ilijengwa zamani kidogo kwa matofali ya papo hapo, na fundi aliyepewa kazi alichimba bondeni, akalipwa, akaenda zake. Shimo likaachwa wazi, kingo zake zimesimama wima kama ukuta. Kila masika lilijaa maji ya rangi ya chai, na sote tulizoea kulipita. Mwezi wa Machi 2022 mtoto wa darasa la pili alikwenda kumfuata mbuzi aliyekatika kamba, udongo wa ukingo ukakatika naye. Maji hayakuwa mengi sana. Kilichomuua ni zile kingo, maana hakupata mahali pa kushika. Tulimzika siku ya pili. Madaftari yake yalikuwa mezani kwangu, nikayapeleka kwao mwenyewe.

Miezi michache baadaye, baraza la kigango chetu likakaa kujadili jambo la mnara. Kengele yetu ni rimu ya gurudumu la lori, imetundikwa katika mwembe, na wengi walitamani mnara wa matofali wenye kengele ya kweli, uonekane tangu barabarani. Vigango vya jirani vimekwisha kupata, wakasema, na sisi tumebaki nyuma. Ramani ikachorwa, futi arobaini. Hesabu ikapigwa: matofali elfu kumi na mbili. Watu wakaanza kuahidi, huyu kuku, huyu gunia la mahindi. Ndipo nyanya wa yule mtoto akasimama. Hakulia, wala hakupaza sauti. Akasema, "Baba zangu, mimi sikatai mnara. Nauliza tu, udongo mtauchimba wapi?" Akaketi.

Hakuna aliyejibu kwa muda. Mwisho mmoja akasema, "Tulifukie kwanza shimo la zamani." Mwingine akamjibu kwa haki, "Utalifukia kwa udongo gani? Utachimba shimo jingine ili ulifukie la kwanza?" Na kweli ndivyo ilivyo. Shimo kubwa halifukiki kwa maneno, na mara nyingi halifukiki hata kwa majembe. Kilichotoka kimekwisha kuwa ukuta.

Shauri likapatikana kwa mwashi mmoja mzee, aliyekuwa amekaa kimya nyuma. Akasema, "Tuzilaze kingo. Tuzikate pande zote ziwe mteremko, hata mtoto wa miaka mitatu aweze kutoka kwa miguu yake. Udongo tutakaoukata, huo ndio wa mnara. Hatutachimba mahali pengine hata jembe moja." Baraza likakubali. Tena wakaamua kuzungushia mahali pale ua wa michongoma, na kuyatumia maji yake kwa kitalu cha miti, ili tupande badala ya ile iliyokwenda tanuruni. Watoto wa shule wakapewa kazi ya kumwagilia. Na kila mwaka, siku ile ya Machi, huenda pale pamoja na wazazi na kumkumbuka mwenzao.

Kazi hiyo ni ya polepole. Mteremko hutoa udongo kidogo kwa kila kiangazi, kwa hiyo futi arobaini zimepunguzwa zikawa ishirini na mbili. Wengine wamenung'unika, wakisema mnara wetu utakuwa mfupi kuliko wa majirani, na hawakukosea hesabu. Lakini hakuna aliyeomba ruhusa ya kuchimba pengine.

Walimu wenzangu, nasi twaweza kulifanya jambo hili darasani bila gharama. Mkiwaonyesha watoto picha ya jumba mashuhuri, la Unguja au la Brussels au la mahali pengine po pote, waacheni waulize futi, nanyi muwajibu kwa hesabu iliyo sahihi. Kisha waulizeni wao: ni nani aliyelipa, ni nani aliyebeba, na ni nani anayeziba ufa leo? Wataona kwamba majumba mengine yatashinda kwa maswali hayo na mengine yataaibika, na mengi yatakuwa na sifa na aibu pamoja, kama lilivyokuwa Jumba la Maajabu. Mtoto aliyezoea kuuliza hivyo hataogopa ukubwa, wala hataudharau. Na siku akiwa yeye ndiye mwenye kujenga, atalitazama kwanza bonde.

Mnara wetu sasa umefika kimo cha mtu mrefu. Rimu ingali katika mwembe, na bado yaita vizuri. Watoto wa darasa la nne wamekwisha kupima msingi wa mnara na kuchora umbo lake katika madaftari, futi ishirini na mbili, na pembeni mwa mchoro, bila kuambiwa na mtu, wamechora shimo pamoja na mteremko wake.